Jinamizi: Ni Nani Anayetukalia Kifuani Usingizini?

Barua zinazohusu jinamizi zimekuwa zikitufikia kwa wingi kuliko za jambo jingine lolote la usingizi. Waandishi wake hawajuani, lakini wanasimulia kisa kilekile: mtu amelala, anafumbua macho, anakiona chumba chake kama kilivyo, ila hawezi kujigeuza wala kuita, na kuna kitu kizito kimemlalia. Tumeonelea ukurasa mzima wa toleo hili uwe wa jambo hilo moja. Barua tumezifupisha, na majina ya waliotuandikia tumeyahifadhi.

SWALI: Mimi ni mwanafunzi wa chuo, mwaka wa pili. Wakati wa mitihani nilikesha nikisoma, nikajilaza karibu na alfajiri. Baada ya muda nilizinduka. Nilikiona chandarua, nikauona mwanga wa taa ya ukumbini ukipenya chini ya mlango, na nikamsikia mwenzangu wa chumbani akikoroma. Nilitaka kumwita, lakini ulimi haukunyanyuka. Kisha nikahisi mtu ameingia, amepanda kitandani na kunikalia kifuani hadi pumzi ikawa ya kuibia. Je, nilikuwa macho au nilikuwa naota?
*Mwanafunzi, Morogoro*

JIBU: Ulikuwa macho na ulikuwa unaota, vyote kwa wakati mmoja, na humo ndimo lilimo fumbo zima la jinamizi.

Usingizi wa binadamu hauko sawasawa tangu mwanzo hadi mwisho. Huenda kwa mizunguko ya takriban dakika 90, na katika kila mzunguko kuna kipindi ambacho macho hukimbia huku na huko chini ya kope, ubongo hufanya kazi karibu sawa na wa mtu aliye macho, na ndoto zenye watu, mahali na visa huchipuka. Kipindi hicho kilielezwa mwaka 1953 na Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago. Miaka michache baadaye Michel Jouvet, aliyekuwa akifanya utafiti wake mjini Lyon, Ufaransa, alionyesha kwa kuwachunguza paka kwamba katika kipindi hichohicho misuli ya mwili hulegea kabisa, kwa sababu sehemu ndogo ya shina la ubongo hutuma amri ya kuzizima neva zinazoiendesha. Alipoiharibu sehemu hiyo, paka waliolala walisimama, wakanyemelea na kurukia mawindo ambayo hayakuwapo. Ni kama kufuli: mwili hufungwa ili mtu anayeota anakimbizwa na simba asiruke dirishani.

Kwa kawaida kufuli hiyo hufunguka kabla fahamu hazijarejea. Jinamizi huja pale mambo hayo mawili yanapopishana. Fahamu zimerudi, jicho limekiona chandarua cha kweli na sikio limesikia mkoromo wa kweli, lakini mwili haujafunguliwa na ndoto haijakatika. Ndoto hiyo haina tena mahali pengine pa kutokea ila chumba kilekile unachokitazama, na kwa sababu hiyo mgeni wako aliingia kwa mlango unaoufahamu na kukipanda kitanda ulichokilalia.

Uzito wa kifuani nao una chanzo chake. Katika usingizi wa ndoto misuli iliyo baina ya mbavu hulegea pamoja na mingine, na kazi ya kupumua huachiwa kiwambo, yaani ule msuli mpana ulio chini ya mapafu, ambao haufungwi. Hewa huendelea kuingia na kutoka bila matatizo. Lakini aliyezinduka kwa hofu hutaka kuvuta pumzi ndefu, na akijaribu, kifua hakitii. Ubongo umetoa amri, hauoni mbavu zikiinuka, na kwa kuwa tayari umeshikwa na woga, hulifasiri jambo hilo kwa njia ya mkato: kuna mtu amenilalia.

Macho hayafungwi pia, na ndiyo maana uliweza kutazama mlangoni. Kupitia upenyo huo mdogo, mwaka 1975 katika Chuo Kikuu cha Hull nchini Uingereza, Keith Hearne alipokea ishara kutoka kwa mtu aliyekuwa ndani ya ndoto na aliyejua kwamba anaota. Kama walivyokuwa wamepatana kabla hajalala, mtu huyo alipeleka macho kushoto na kulia mara kadhaa, na mashine ikaiandika miendo hiyo huku mwili wake mwingine ukiwa umetulia tuli. Naona hiyo ndiyo salamu ya ajabu kuliko zote zilizowahi kutoka katika ulimwengu wa ndoto, kwani ilifika wakati mwenye kuituma angali huko.

Kuhusu mitihani, hukukosea kuitaja. Mwaka 1992 Tomoka Takeuchi na wenzake nchini Japani waliweza kuwaletea watu jinamizi wakiwa maabara: waliwaamsha katikati ya usingizi, wakawaweka macho kwa muda, kisha wakawaacha walale tena, na baadhi yao wakaangukia moja kwa moja katika usingizi wa ndoto huku fahamu hazijazimika. Anayesoma hadi usiku wa manane, akasinzia mezani, akaamka, kisha akajitupa kitandani alfajiri, anajifanyia jaribio hilohilo bila kujua. Mwaka 2011 Brian Sharpless na Jacques Barber walikusanya matokeo ya tafiti 35 zilizohusu watu zaidi ya 36,000, wakaona kwamba waliowahi kupatwa na hali hii walau mara moja ni asilimia 7.6 ya watu wa kawaida, lakini miongoni mwa wanafunzi walikuwa asilimia 28.3.

SWALI: Nafanya kazi Muscat, na hapa tunaishi watu wa mataifa mengi. Kwetu Tanga, bibi mzaa mama alitueleza kuwa jinamizi ni kitu cheusi kinachomkaba aliyelala chali. Siku moja nilikisimulia kisa changu tukiwa jikoni, nikaambiwa na mwenyeji kuwa huyo ni *jathum*, na mwenzetu kutoka Ufilipino akasema kwao wanamwita *bangungot*. Kama ni ndoto tu, mbona sote tunaota ndoto moja?
*Msomaji wa kike, Muscat*

JIBU: Mama yetu, jiko lenu lingekuwa na watu wengi zaidi, orodha ingerefuka. Mjapani angelitaja *kanashibari*, na Mturuki angemtaja *karabasan*. Watu wa kisiwa cha Newfoundland nchini Kanada wangesimulia habari za bibi kizee anayewapanda waliolala. Nchini Brazili kuna Pisadeira, bibi mwembamba mwenye kucha ndefu, anayevizia juu ya paa na kushuka kumkanyaga tumboni na kifuani aliyelala chali akiwa ameshiba kupita kiasi. Katika jimbo la Abruzzo nchini Italia yuko Pandafeche, na wenyeji wamekuwa wakimtegea ufagio au rundo la mchanga karibu na kitanda, kwa imani kwamba hatajizuia kuhesabu njiti za ufagio au chembe za mchanga, na kabla hajamaliza kutakuwa kumekucha. Mganga aliyeifikiria hila hiyo alimjua adui yake vizuri.

Daktari wa Kiholanzi Isbrand van Diemerbroeck aliandika mwaka 1664 habari za mwanamke wa miaka 50 ambaye usiku aliamini kwamba shetani amemlalia, na nyakati nyingine kwamba ni mbwa mkubwa au mwizi aliyejilaza kifuani pake. Alipotaka kumsukuma, viungo havikumtii. Mchoraji Henry Fuseli alimchora kiumbe huyo mwaka 1781. Katika picha hiyo, ambayo sasa iko kwenye jumba la sanaa la Detroit nchini Marekani, mwanamke amelala chali, kichwa kikining'inia ukingoni mwa kitanda, na juu yake amechuchumaa kiumbe mfupi anayemtazama mtazamaji moja kwa moja, huku kichwa cha farasi mwenye macho meupe kikichungulia kutoka nyuma ya pazia. Msomaji wa Tanga akionyeshwa picha hiyo bila maelezo hatahitaji kuambiwa inahusu nini.

Sasa nije kwenye swali lako. Mnaota ndoto moja kwa sababu mna mwili wa aina moja. Allan Cheyne wa Chuo Kikuu cha Waterloo, Kanada, alipochambua masimulizi ya watu wengi aliona yanajikusanya katika mafungu matatu. Kuna wanaohisi kwamba mtu ameingia chumbani, wakasikia nyayo au mnong'ono. Kuna wanaohisi kukabwa na kulemewa kifuani. Na kuna wanaohisi mwili unaelea, unazunguka, au wenyewe wamejitoa na kujitazama kutoka darini. Mtu mmoja anaweza kupatwa na yote matatu usiku mmoja, lakini mafungu mawili ya kwanza huandamana zaidi.

Fungu hilo la kwanza ndilo lililonishangaza kuliko yote, kwa sababu mgeni huhisiwa kabla hajaonekana. Mwaka 2006 Shahar Arzy, Olaf Blanke na wenzao nchini Uswisi walitangaza habari za mwanamke wa miaka 22 aliyekuwa akichunguzwa ubongo kwa ajili ya matibabu ya kifafa. Hakuwa amelala. Walipopitisha umeme mdogo katika sehemu ya kushoto ya ubongo wake, nyuma kidogo juu ya sikio, alisema kuna mtu nyuma yake. Alipokuwa amelala chali, kivuli hicho nacho kilikuwa kimelala chini yake. Alipoketi na kuyakumbatia magoti, alihisi mtu huyo naye ameketi na amemkumbatia, na akasema hali hiyo haimpendezi. Alipopewa kadi asome, alieleza kwamba mtu huyo anataka kumnyang'anya na hataki aisome. Umeme ulipokatwa, mgeni alitoweka. Kivuli chake kilifuata kila pozi la mwili wake, na mwenyewe hakutambua kwamba kilikuwa ni yeye. Ubongo una sehemu inayojulisha mwili uko wapi na unaishia wapi, na sehemu hiyo ikivurugika, nafsi ya mtu huhisiwa kana kwamba ni ya mtu wa pili aliye karibu. Watafiti kadhaa wanaamini kwamba mvurugiko wa namna hiyo ndio unaoleta mgeni wa usiku, na mimi naona maelezo hayo yana nguvu.

Sura ya mgeni ndiyo inayotofautiana, na hiyo hutoka katika mazungumzo ya mchana, kama yale ya bibi yako. Hakuna Mjapani aliyewahi kukaliwa na Pisadeira kabla ya kusikia habari zake.

SWALI: Mwaka 1995 nilikuwa mtoto, Unguja. Nakumbuka tulivyolala nje uani na majirani, moto umewashwa, wazee wakikesha kwa dua kwa hofu ya Popobawa, yule kiumbe aliyesemekana kuvamia watu usiku. Sasa nimekuwa mtu mzima na nasikia watu wakisema kwamba Popobawa alikuwa jinamizi tu. Je, ni kweli? Maana waliodai kuvamiwa walikuwa watu wazima na akili zao.
*Msomaji, Unguja*

JIBU: Ndugu yetu, neno la kuliondoa katika maelezo hayo ni hilo "tu".

Masimulizi ya Popobawa yalianzia Pemba katika miaka iliyofuata Mapinduzi ya 1964, na yamekuwa yakizuka na kutulia mara kwa mara. Mzuko wa 1995 ulikuwa mkubwa kuliko mingine: ulianza Pemba mapema mwaka huo, ukavuka hadi Unguja, kisha ukafika Dar es Salaam, ambako habari hizo zilisikika tena mwaka 2007. Waliosimulia walieleza kwamba kwanza kulikuja harufu mbaya au kivuli, kisha mwili ukafa ganzi, sauti ikakatika, uzito ukaja juu ya mwili, na hatimaye wakadhalilishwa, wanaume na wanawake. Ilidaiwa pia kwamba aliyevamiwa aliamriwa awatangazie wengine, la sivyo angerudiwa.

Ukiondoa amri hiyo ya mwisho, mpangilio wote huo ni wa jinamizi, hatua kwa hatua. Mwandishi wa Kimarekani Joe Nickell, ambaye alikuwa akichunguza masimulizi ya ajabu, aliandika hivyo mwaka huohuo wa 1995. Hata maumivu na aibu waliyoeleza waathirika yamo katika masimulizi ya jinamizi ya nchi nyingine, kwani hisia za kuingiliwa kwa nguvu zimeandikwa huko Ulaya tangu karne nyingi.

Lakini jinamizi humjia mtu mmoja mmoja, kila mtu chumbani mwake na usiku wake. Kilichoyaunganisha matukio hayo yakawa hofu ya visiwa viwili ni mambo ya mchana. Mwaka ule ulikuwa wa uchaguzi mkuu wa kwanza wa vyama vingi baada ya miongo mingi, na wasiwasi ulitanda kila mahali. Mwanaanthropolojia Martin Walsh, aliyeuchunguza mzuko huo kwa karibu, ameonyesha jinsi watu walivyolisoma tukio hilo kisiasa, kila upande ukiutupia mwingine lawama, ingawa si kila mzuko wa Popobawa umeangukia wakati wa uchaguzi. Amri ya kutangaza nayo ilifanya kazi ambayo jinamizi lenyewe haliwezi: kwa kawaida aliyekabwa usiku hunyamaza, lakini aliyeamini kwamba kunyamaza kutamrudishia adha alikuwa na kila sababu ya kusema, na aliyemsikiliza alikwenda kulala akiwa na sura kamili ya kitakachomjia.

Na huko kulala nje nako, kwa maoni yangu, hakukusaidia sana. Kulituliza mioyo, ndiyo. Lakini watu waliokuwa wakisinzia kidogo, wakishtuliwa na kelele, wakaamka, kisha wakasinzia tena karibu na alfajiri, walikuwa katika hali ileile ya wale waliolala maabara huko Japani.

Kwa hiyo waliosema walikabwa hawakuwa waongo wala wendawazimu. Walipatwa na jambo halisi la mwili. Hata hivyo, jambo hilo lilipopewa mwenyewe wa kulaumiwa, madhara yalitoka ndani ya vyumba yakaingia barabarani: mwaka huo mtu mmoja aliyekuwa mgonjwa wa akili aliuawa na umati kisiwani Unguja kwa kudhaniwa kuwa ndiye Popobawa. Katika mkasa wote ule, kifo hicho ndicho sehemu ambayo haihitaji kufasiriwa.

SWALI: Je, jinamizi linaweza kuua?
*Msomaji, Bujumbura*

JIBU: Kupooza kwenyewe hakuui. Hudumu kwa sekunde kadhaa, mara nyingine dakika chache, na kiwambo huendelea kufanya kazi muda wote.

Swali lako lina historia nzito, hata hivyo. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1970, wakimbizi Wahmong waliotoka Laos na kuhamia Marekani walianza kufiwa na vijana wa kiume waliolala wakiwa wazima na wasiamke. Wahmong wana jina la kiumbe anayekaba usiku, *dab tsog*, na wengi wao waliamini ndiye aliyewaua. Mwaka 1992 madaktari ndugu, Pedro na Josep Brugada, walieleza hitilafu ya umeme wa moyo ambayo mara nyingi hurithiwa, na ambayo inaweza kuusimamisha moyo wakati wa usingizi. Hitilafu hiyo hupatikana zaidi kwa wanaume wa Asia ya Kusini-Mashariki, na inafafanua vifo vingi vya namna hiyo, vikiwemo vile vya Wafilipino vinavyosemwa kuwa ni vya *bangungot*. Shelley Adler, mtafiti aliyezungumza na Wahmong wengi, anadai kwamba hofu ya watu walioondolewa kwao, wakakosa waganga na ibada za kuwakinga, iliuongezea mzigo moyo ambao tayari ulikuwa na kasoro. Hoja hiyo inajadiliwa hadi leo.

Kama katika ukoo wenu kuna aliyefariki ghafla usingizini akiwa kijana, au wewe huzirai bila sababu, nenda ukapimwe moyo. Kukabwa peke yake si dalili ya ugonjwa wa moyo.

SWALI: Assalaam alaykum. Mimi ni mwalimu wa madrasa. Naona maelezo ya kitaalamu yanakataa kabisa kwamba majini wanaweza kumsumbua mtu usingizini. Wazazi wakiniletea watoto wanaokabwa usiku niwajibu nini?
*Mwalimu, Lamu*

JIBU: Waalaykumu salaam, Maalim. Elimu ya tiba haina chombo cha kumpima jini, kwa hiyo haiwezi kumthibitisha wala kumkana. Inachopima ni misuli, pumzi na ubongo. Na mgawanyo huo si wa leo. Katika karne ya 10 tabibu al-Akhawayni wa Bukhara aliandika sura kuhusu kabusi, yaani jinamizi kwa Kiarabu, akieleza uzito na kubanwa pumzi, na akakisia kwamba chanzo ni mvuke unaopanda kutoka tumboni hadi kwenye ubongo. Tabibu Ibn Sina, aliyefariki mwaka 1037, aliiweka kabusi katika kitabu chake cha tiba, Kanuni, miongoni mwa maradhi ya kichwa. Mvuke haukuwa jibu sahihi, lakini wote wawili walikuwa Waislamu walioishi katika jamii iliyoamini majini, na bado waliona kwamba mgonjwa huyu anastahili dawa.

Kuna jambo jingine la kuwazingatia watoto hao. Baland Jalal na Devon Hinton waliwalinganisha watu wa Misri na wa Denmark, wakachapisha matokeo mwaka 2013. Wamisri, ambao baadhi yao walilihusisha tukio hilo na majini, walikuwa na hofu kubwa zaidi ya kufa wakati wa kukabwa, na kupooza kwao kulidumu muda mrefu zaidi. Hofu huuamsha ubongo, usingizi hukatika vipande, na jinamizi hupata nafasi ya kurudi. Mtoto anayesomewa Ayatul Kursiy kabla ya kulala ili moyo wake utulie anasaidiwa. Mtoto anayeambiwa kwamba kuna mwenye kumfuata kila usiku anaongezewa. Tofauti hiyo unaiweza wewe kuliko daktari yeyote, kwa sababu wazazi wanakuja kwako kwanza.

SWALI: Mimi ni mlinzi wa usiku, nalala mchana. Linanikaba karibu kila wiki. Nimeshauriwa niweke kisu chini ya mto. Nifanyeje?
*Mlinzi, Mombasa*

JIBU: Kisu kiondoe, Bwana, kabla hakijakukata. Kazi ya zamu ni miongoni mwa visababishi vikubwa, hasa zamu zinapobadilikabadilika, kwa hiyo mwombe msimamizi wako akupe zamu isiyobadilika kwa majuma kadhaa ikiwezekana. Lala na uamke saa zilezile hata siku ya mapumziko, na ziba dirisha kwa kitambaa kizito. Lala ubavu, kwa maana anayelala chali hukabwa zaidi, na katika hilo bibi wa Tanga na Wabrazili walikuwa sahihi kabisa. Miraa na kahawa za mwisho wa zamu, zile za kukufikisha nyumbani, zitakuibia usingizi wa asubuhi, ziache mapema.

Likikukuta, usipigane nalo kwa mwili mzima. Wengi waliozoea husema hufumba macho, hujiambia kimoyomoyo kwamba hili linapita, hupumua kwa utulivu bila kulazimisha, kisha huelekeza nguvu zote katika kidole kimoja cha mguu au cha mkono. Kikicheza kidole, mara nyingi mwili wote hufunguka. Aliye karibu nawe akikuona unahema na macho yanazunguka, mwambie akuguse begani, inatosha.

Umwone daktari endapo, pamoja na kukabwa, unasinzia ghafla mchana hata ukiwa katikati ya mazungumzo, au magoti yanakulegea ukicheka sana, kwani hizo ni dalili za maradhi mengine ya usingizi yenye tiba. Vivyo hivyo kama unakoroma kwa nguvu na watu wa nyumbani wanasema pumzi hukatika.

SWALI: Mume wangu ana miaka 61. Usiku hupiga mateke na ngumi, hupiga kelele, na juzi ameanguka kitandani. Akiamshwa husema alikuwa akipigana na wezi. Je, hilo nalo ni jinamizi?
*Mama, Mwanza*

JIBU: Hapana, Mama, ni kinyume chake. Kwa mlinzi wa Mombasa kufuli imechelewa kufunguka. Kwa mzee wako haifungi, na kwa hiyo anayatenda anayoyaota, kama wale paka wa Lyon. Carlos Schenck na Mark Mahowald walilieleza tatizo hili huko Minnesota, Marekani, mwaka 1986, na hutokea zaidi kwa wanaume waliopita miaka 50. Usilichukulie kuwa ni mchezo wala mashetani, kwa sababu kwa baadhi ya watu ni dalili inayotangulia kwa miaka kadhaa ugonjwa wa Parkinson, ule wa kutetemeka mwili. Mpeleke kwa daktari wa mishipa ya fahamu, ukamweleze yote kama ulivyotueleza sisi, na dawa zote anazotumia zibebwe, kwani baadhi ya dawa za sonona huweza kuileta hali hii. Ziko dawa zinazoituliza. Kabla hamjamfikia daktari, shusheni godoro chini, ondoeni meza na vyombo vya kioo vilivyo karibu na kitanda, na wewe ulale kitanda kingine.